Sponji Ndani ya Tumba

Inatangazwa kwa heshima na taadhima, kwa wananchi wote wa Jamhuri, kwa wapenzi wa sinema na kwa yeyote mwenye televisheni isiyokwaruza, kwamba Don Evelio Zulueta, bingwa wa tumba, ile ngoma ndefu ya kupigwa kwa viganja, mzaliwa wa Matanzas huko Kuba, nguzo ya filamu arobaini na moja, ni gwiji asiye na mfano katika historia ya sanaa ya Mexico.

Ukweli ni kwamba ukizijumlisha filamu zote arobaini na moja, uso wa Don Evelio ulionekana kwa sekunde kumi na tisa, na katika nne kati ya hizo alikuwa maiti. Hizo nne ndizo alizozipenda zaidi, kwa sababu kamera ilitulia.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Muziki ulirekodiwa kwanza, wiki mbili tatu kabla, katika chumba kisicho na dirisha. Siku ya kupiga picha, kanda ile ilifunguliwa kwenye spika, mcheza rumba akatikisa kiuno, na wapigaji wakajifanya wanapiga. Ili ngoma isije ikalia kweli na kumpotezea mcheza rumba hatua, fundi aliingiza mkono chini ya tumba akaishindilia matambara. Sponji ilipogunduliwa, akashindilia sponji. Kurekodi, alirekodi Don Evelio. Lakini siku ya picha, kwenye tumba aliketishwa kijana mzuri wa sura, nywele zinang'aa mafuta, asiyejua tofauti ya tumba na ndoo. Kwa hiyo waliomsikia Don Evelio hawakumwona, na zile mara chache alizoonekana, hakusikika.

Mwaka wa hamsini na moja walihitaji mikono yake karibu kabisa na kamera, kwa maana mikono ya kijana mzuri ilikuwa ikiipapasa ngozi kama anayetafuta miwani gizani. Kasoro ikawa moja: kijana alikuwa mweupe, na Don Evelio ni mweusi wa Matanzas. Wakampaka poda, kuanzia kucha hadi viwiko. Taa zikawaka, jasho likatoka, poda ikageuka uji. Alipiga mara tisa, wakampaka mara tisa, na mara zote tisa yule kijana mzuri alisimama pembeni akila chungwa. Jambo hilo Don Evelio aliona haya kulisimulia. Mkewe Obdulia alikufa bila kulijua. Alimwambia mtu mmoja tu, mjukuu wake Nereida, msichana wa miaka kumi na tano aliyesoma bweni kwa masista wa Puebla. Mtoto mwenye adabu, mchamungu, na mwenye akili ya kupita kiasi, kwa ushahidi wa watu wengi na hasa wake mwenyewe.

Televisheni ilipokuja, mambo yalibadilika kidogo. Sasa walimkalisha nyuma ya migomba ya plastiki.

Don Evelio hakuwa mtu wa tamaa. Alitaka kitu kimoja: aonekane kwenye kioo, mara moja, akipiga kwa mikono yake, isikike sauti ya mikono hiyo hiyo, na jina lake liandikwe chini. Dakika tatu zingetosha. Obdulia, Mungu amrehemu, alikaa sinema miaka ishirini akimtafuta mumewe kwenye picha, na kila mara, kwa mkosi usioelezeka, aliinama kuokota pochi katika sekunde ile ile. "Umepita?" aliuliza. "Nimepita," alijibu Don Evelio, na wakaendelea kutazama.

Ila mikono ilikuwa imeanza kugoma. Mwanzoni mwa Januari, mwaka wa themanini na nne, akiwa na miaka sitini na sita, alikwenda kliniki. Daktari, mama mmoja mfupi asiyependa maneno mengi, akamshika mkono wa kulia.

"Fungua kiganja, Don Evelio."

"Kimefunguka, daktari."

"Hiki ni kiganja au ndoana?" Akavivuta vidole, vikarudi vyenyewe. "Nitakupasua Machi. Hadi hapo usiguse ngoma. Hata meza usiigonge. Kano zimebaki nyuzi. Ukizikata, mimi sina mikono ya akiba kabatini."

"Na nikishapasuliwa, nitapiga?"

"Utashika kijiko. Utafunga vifungo vyako mwenyewe."

"Sikuuliza vifungo."

"Najua hukuuliza," daktari akasema, akaandika tarehe.

Basi Don Evelio akaifunika tumba yake shuka, kama maiti, akaanza kujizoeza kuwa mtu asiyepiga chochote.

Jumatatu tarehe tisa ikaja barua.

Alikuwa mezani na Abundio Pech, jirani wa ghorofa ya chini, mtu wa Yucatán, aliyepiga tarumbeta miaka arobaini hadi meno yalipomkimbia. Walikuwa wakichovya kwenye kahawa mkate wa sikukuu ya Wafalme, uliokwisha kukauka ukawa kama kipande cha paa. Binti yake Don Evelio, Migdalia, mshonaji wa magauni ya harusi, alikuwa kwenye cherehani na pini mdomoni. Barua aliileta mama mlinda mlango. Don Evelio hakuwa na miwani, kwa hiyo Abundio akaifungua.

"'Mheshimiwa sana, Maestro Don Evelio Zulueta,'" Abundio akasoma.

"Nani huyo?"

"Wewe, mpumbavu. Nyamaza nisome. 'Idara ya Kumbukumbu na Heshima ya televisheni hii, baada ya uchunguzi wa kina, imebaini kwa masikitiko makubwa kwamba katika mwaka wa 1951 mikono yako ilipakwa poda ili ionekane mali ya mtu mwingine. Tumeona haya. Kwa hiyo unaalikwa Ijumaa tarehe ishirini Januari, saa nne asubuhi, Studio Namba Tano, uje na tumba yako upige dakika tatu mbele ya taifa zima. Mikono iliyowapa wengine majina sasa itapewa jina lake.'"

Cherehani ikanyamaza. Migdalia akatoa pini mdomoni, moja baada ya nyingine.

"Poda gani?" Abundio akauliza.

Don Evelio alisogeza kikombe pembeni. Alikuwa akiitazama mikono yake kama anayewatazama watoto waliofaulu mtihani. "Wamechunguza," akasema. "Hilo hata Obdulia hakulijua. Wamekwenda kwenye makabrasha, wakachunguza."

"Mimi hujawahi kuniambia."

"Ningekuambia ungelitangaza hadi kwenu Mérida."

"Kweli," Abundio akakubali, kisha akaisogeza karatasi karibu na pua. Uso wake ukabadilika. "Evelio. Hii barua imeandikwa tarehe ishirini na nane Desemba."

Hapo Abundio akaweka mkate chini, na haki yake. Tarehe ishirini na nane Desemba ni Sikukuu ya Watoto Mashahidi, siku ambayo kwetu mtu anaruhusiwa kumdanganya baba yake mzazi, na magazeti huchapisha uongo kwa moyo mkunjufu. Abundio mwenyewe, mwaka wa sitini na mbili, alitembea kwa miguu hadi kwenye ofisi za chama cha wanamuziki kuchukua tarumbeta ya dhahabu. Lakini siku hiyo ina sheria yake, na hakuna asiyeijua: aliyedanganya lazima ajitokeze kabla siku haijaisha, amcheke aliyedanganywa, ampe peremende. Asipojitokeza, ule si mzaha tena. Ni uongo wa kawaida, wa kupelekwa kwa padri.

"Leo tarehe ngapi?" akauliza Don Evelio.

"Tisa."

"Nani anaweza kukaa na mzaha siku kumi na mbili tumboni bila kuja kucheka?"

Abundio akafikiri. Aliwapitia kichwani watu wote wabaya aliowajua, na hakuwa anawajua wachache. "Hakuna," akakiri. "Hata mwenye roho ya nyoka angekuwa ameshacheka."

"Basi ni kweli. Makarani huandika barua hata siku hiyo. Posta ndiyo iliyolala."

"Piga simu uwaulize."

"Niwaulize nini? 'Samahani, ni kweli mnaniheshimu?' Acha zako, Abundio."

Hesabu hiyo haikuwa na kosa. Ila jibu halikuwa sahihi.

Migdalia ndiye aliyepiga simu, akashuka hadi duka la dawa la pembeni kwa sababu simu ya jengo ilikuwa imekufa. Alimpigia shangazi yake wa Toluca. Alikipigia chama cha wanamuziki. Alipiga hata Puebla, shuleni kwa masista, akamweleza binti yake habari yote akilia. Aliporudi alikuwa amevimba macho kwa furaha, akataka kumwarifu na daktari.

"Huyo mwache," baba yake akasema. "Ana wagonjwa wengi."

Kesho yake asubuhi akapandisha tumba juu ya paa, ghorofa nne, akisaidiwa na Abundio aliyelalamika kila ngazi. Juu ya paa kuna matangi ya maji, kamba za nguo na baridi ya Januari inayokata masikio. Tumba yake ilikuwa ya zamani, ngozi imepigiliwa misumari, kwa hiyo aliiinamisha juu ya jiko la mkaa hadi ngozi ikakaza. Akaketi. Akaweka mikono juu yake, bila kupiga, kama daktari alivyomshika yeye.

Kisha akapiga.

Siku ya kwanza alipiga nusu saa, vidole vikamwuma hadi machozi yakamtoka, akasema ni moshi. Siku ya pili alipiga saa nzima. Abundio alikaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, akimshikia mapigo kwa vijiko viwili, kwa sababu rumba ya Matanzas bila vijiti haiendi popote. Wanawake waliokuja kuanika walianza kuchelewa kuteremka. Siku ya tano mkono wa kushoto ukakumbuka kila kitu. Siku ya sita na wa kulia ukakumbuka, lakini kwa hasira, kama mzee aliyeamshwa. Jioni Migdalia aliulowesha katika maji ya chumvi, naye alikuwa ameanza kuelewa kwa nini daktari hakutakiwa kuarifiwa.

Siku ya nane, katikati ya mpigo, kidole cha pete kikatoa mlio. Mlio mdogo, mkavu, kama kijiti kinachovunjwa kuwashia moto. Kidole kikalala kiganjani na hakikuinuka tena.

"Basi," Abundio akasema, akaweka vijiko chini. "Inatosha. Piga Ijumaa huko huko."

"Nikienda hivi watasikia mzee."

"Wewe ni mzee!"

"Nataka wamsikie yule wa hamsini na moja. Shika vijiko."

"Evelio, ndugu yangu, mkono huu ukifa…"

"Niuweke wa nini? Wa kijiko?" Akakifunga kidole kile pamoja na jirani yake kwa utepe wa Migdalia wa kushonea harusi. "Haya. Mapigo."

Abundio akashika vijiko. Tangu siku hiyo hakutoa utani, na kwa mtu wa Yucatán huo ni msiba.

Ijumaa ikafika. Migdalia alikuwa amepiga pasi shati jeupe mara tatu. Don Evelio akajaribu kunywa kahawa yake, kikombe kikateleza katika vidole vilivyokufa, kahawa ikamwagikia barua iliyokuwa wazi mezani. Wakaikausha kwa pasi. Mistari mitatu ya mwisho ilikuwa imeyeyuka ikawa doa la samawati lenye umbo la figo. "Si kitu," akasema. "Hiyo ninaijua kwa moyo." Akaikunja, akaitia mfukoni.

Langoni kwa televisheni, mlinzi alipitisha kidole kwenye orodha, chini, juu, chini tena.

"Zulueta hayupo."

"Tazama kwenye heshima," Abundio akasema.

"Kwenye nini?"

Kabla mambo hayajaharibika, akatokea kijana mwenye spika za masikio, anakimbia, ana jasho. Alimwona mzee mweusi mwenye tumba, akapiga kelele: "Wewe ndiye mpiga ngoma wa baa ya bandarini? Studio Tano? Saa nne hii, mzee, umetuua! Ingia, ingia!" Na alipomwona Abundio: "Na wewe nani?"

"Mimi ni shahidi wake."

"Mashahidi hawaingii."

Kwa hiyo Don Evelio akaingia peke yake. Alipofika ndani ya Studio Tano akaona baa nzima imejengwa: mapipa, nyavu, taa za rangi, meza zenye watu waliokwisha kuvaa. Moyo ukampasuka kwa furaha. Wamenijengea Matanzas, akawaza. Mama mmoja wa mavazi akamvua shati jeupe, akamvika fulana ya mistari na kofia ya majani. Naam, akawaza, ni vazi la heshima, la mambo ya kale. Mtu akiwa na njaa ya miaka thelathini na sita huona chakula kila mahali.

Kisha akamwona fundi amepiga magoti, ameinamisha tumba yake, mkono mzima umezama ndani.

"Unafanya nini?"

"Nainyamazisha, mzee. Kama kawaida." Alikuwa akishindilia sponji ya njano.

"Leo si kawaida."

"Hapa kila siku ni kawaida," fundi akasema kwa upole, akasimama akajipangusa magoti.

Hapo ndipo Don Evelio alipoanza kuhisi baridi. Lakini taa ziliwaka, sauti ikapigwa kwenye spika ya juu, kimya kikaingia, na kanda ikafunguliwa.

Mapigo mawili tu yalitosha. Aliitambua ngozi ile, alikumbuka hata harufu ya chumba kisicho na dirisha. Ilikuwa rumba ya mwaka wa hamsini na moja, ile ya poda. Mtu alikuwa ameichukua kutoka kwenye makabati ya zamani kwa sababu haikuwa na mwenyewe. Mikono yake ya miaka thelathini na tatu ilikuwa ikiruka ndani ya spika, myepesi, haina huruma, na mikono yake ya sasa ikaanza kuifukuza juu ya ngozi bubu.

"Kata!" Mwongozaji aliitwa Renato Ibarrola, mtu wa miaka kama arobaini, amechoka, si mbaya. "Mzee wa ngoma, unachelewa. Isikilize kanda."

"Ninaisikiliza."

Wakarudia. Wakarudia tena. Mara ya tatu Ibarrola akashuka hadi mezani, akaweka mkono begani kwa Don Evelio.

"Mzee wangu, huyo anayepiga kwenye kanda ni fundi hasa. Usijaribu kushindana naye. Jifanye tu."

"Huyo ni mimi."

Watu wakacheka. "Na mimi ni mke wa Papa," akasema msichana mwenye sinia la bia ya rangi. Ibarrola hakucheka. Alitazama saa. "Hongera, mzee. Basi jifuate mwenyewe, ila jifuate kwa wakati."

Don Evelio akatoa barua kwenye suruali. Ibarrola akaisoma akiwa amesimama, mara moja, kisha mara ya pili polepole. Waliokuwa karibu wakasogeza shingo.

"Hatuna idara ya namna hii," akasema. Kisha kwa sauti ya chini, kama anayemweleza mtu kwamba suruali yake imechanika: "Mzee, umeiona tarehe?"

Hakuna aliyecheka tena. Wote walikuwa watu wa hapa, wote walijua hesabu ile ile. Mama wa mavazi akafanya ishara ya msalaba. Kicheko Don Evelio alikuwa amekizoea. Ile huruma ya ghafla ndiyo iliyomshinda.

Akainamisha tumba, akaingiza mkono wa kushoto chini, akaitoa ile sponji. Ilitoka nzima, kubwa kuliko alivyodhani. Akaiweka sakafuni, akapiga.

Alipiga dakika mbili na nusu. Seremala aliyekuwa juu ya ngazi ndiye aliyetazama saa. Nusu ya kwanza, seremala alisema, hukuweza kujua kama kanda imefunguliwa au la. Mpiga picha alipeleka kidole kwenye kitufe cha kamera, akamwangalia Ibarrola. Ibarrola akatikisa kichwa: filamu ya siku hiyo ilikuwa imegawanywa kwa mita. Kidole kikarudi. Muda mfupi baadaye utepe wa harusi ukakatika, mkono wa kulia ukalia tena ule mlio wa kijiti, mara mbili, ukaanguka kwenye paja. Don Evelio akaendelea na wa kushoto, mpigo nusu, kama mtu anayetembea kwa mguu mmoja. Kisha akaacha.

Maseremala wakapiga makofi. Ibarrola naye akapiga, kidogo. "Vizuri sana, mzee. Vizuri sana. Jamani, tuendelee."

Miongoni mwa waliokaa mezani walimpata kijana mzuri wa sura. Wakamketisha kwenye tumba ya Don Evelio. Fundi akaokota sponji, akairudisha mahali pake bila kumtazama mtu usoni. Na Don Evelio, kwa kuwa alikwisha kuhesabiwa miongoni mwa waigizaji wa siku, wakamkalisha kwenye meza ya nyuma, kisogo kwa kamera, na gilasi ya maji ya rangi. Kwa nini hakuondoka? Kwa sababu tumba yake ilikuwa kwenye picha, na asingeiacha na wageni.

Langoni Abundio alikuwa bado amesimama. "Enhe? Lini tutaiona?"

"Februari," Don Evelio akasema. Na hilo halikuwa uongo.

Februari jengo zima lilijaa chumbani kwa Migdalia, na tamale za unga wa mahindi, na viti vya kuazima. Ilikuwa tamthilia. Don Evelio alijaribu kusema kabla, lakini watu walikuwa wengi na wenye furaha. Ile baa ilionekana sekunde arobaini. Mikono ya Don Evelio ya zamani ikasikika kila kona ya chumba. Kijana mzuri akatabasamu juu ya tumba. Na mwishoni kabisa, kushoto, kikapita kisogo.

"Yule!" Migdalia akapiga kelele. "Kofia ile! Yule ni baba!"

Kisha akaelewa. Akainuka, akazima televisheni, akaanza kugawa tamale kwa sauti kubwa mno. Watu walikula, wakachukua viti vyao.

Machi, daktari mfupi akaufungua mkono, akautazama, akaushona tena bila kufanya lolote. Hakumgombeza. Alisema tu hapakuwa na cha kuunga, na kwamba wa kushoto nao umeshajikunja.

Wiki Takatifu, mjukuu Nereida akarudi kutoka Puebla kwa likizo. Alimkuta babu yake dirishani, mikono imekunjamana juu ya mapaja kama ndege wawili waliokufa kwa baridi, na mama yake anamlisha wali na maharage meusi. Msichana huyo mwenye adabu akachukua kijiko, akamlisha yeye, siku nne mfululizo, na kila siku babu akamsimulia kipande: daktari, paa, sponji, seremala. Alisimulia vizuri. Mahali pengine walicheka wote wawili.

Siku ya nne, Alhamisi Kuu, akasema: "Kwenye mfuko wa suruali niliyokwenda nayo studio kuna barua. Nisomee, mjukuu wangu. Abundio husoma kama anayeuza samaki."

Nereida akaichukua. Akaikunjua, akasoma kwa ile sauti nzuri ya shuleni iliyompatia zawadi ya kusimulia hadithi, na rozari juu yake. Alisoma Mheshimiwa sana, alisoma poda, alisoma Studio Namba Tano. Akamalizia kwa madaha, mkono hewani: "'Mikono iliyowapa wengine majina sasa itapewa jina lake.'"

Babu akageuka kutoka dirishani. Kisha akasema, taratibu kabisa:

"Hiyo ya mwisho umeisoma wapi? Kahawa iliila tangu Januari."

Nikatazama karatasi. Palikuwa na doa la samawati lenye umbo la figo.

Naam, mimi. Sioni sababu ya kuendelea kumwita Nereida yeye. Barua niliipiga kwenye mashine ya sista mhasibu, Desemba, wakati wenzangu wako kwenye sala. Mstari ule wa mwisho niliufuta mara sita hadi ukakaa sawa. Nilijivunia kuliko insha zangu zote. Nilikuja na barua mjini, nikaitia kwenye sanduku la posta tarehe ishirini na mbili, nikihesabu siku sita, ili ifike ishirini na nane, acheke, nicheke, nimpe peremende ya nazi niliyoinunua kabisa. Haikufika. Likizo ikaisha, nikarudi shule, peremende nikaila mwenyewe.

Nilimwambia babu yote hayo nikiwa nimepiga magoti, nikilia hadi kamasi. Hakunikemea. Aliuliza swali moja tu.

"Ulijua kwamba imenifikia?"

"Hapana, babu," nikasema. "Nilidhani imepotea posta."

Akatikisa kichwa. Akaniwekea ule mkono mgumu kichwani, akasema basi haikuwa dhambi yako, ilikuwa ya posta. Akalala mchana ule vizuri, mama anasema, kwa mara ya kwanza tangu Januari.

Lakini mama alinipigia simu tarehe tisa. Sista aliniita koridoni, nikashika mkono wa simu, mama analia kwa furaha, mimi nimeuziba mdomo kwa kiganja nisicheke. Nikasema, "Hongera kwa babu." Usiku huo niliwasimulia wasichana sita wa bweni, tukacheka tukiuma mito. Jumatano nilishindwa kula. Nikasema nitapiga Jumapili. Jumapili nikajiambia foleni ya simu ni ndefu. Walikuwapo wasichana wawili. Siku kumi na moja nilijua, babu yangu yuko juu ya paa, na simu ilikuwa hatua ishirini kutoka kitandani kwangu.